Msimpumzishe Kabla Hajachoka

Neno ninalolichukia kuliko yote hapa kambini ni "apumzike". Si "subiri", si "rudi Jumatatu", si hata lile la "jina lako halionekani kwenye mashine". Hayo yanasemwa na watu waliochoka kazi zao, na sisi tumeshazoea kuyajibu. "Apumzike" linasemwa na watu wazuri, tena kwa sauti ya chini.

Mtu ametoka hospitali kubwa. Karatasi imesema ugonjwa wake hauna kupona tena. Kabla hajafika kwake, ndugu, majirani, mchungaji na mtu wa shirika wamekubaliana bila hata kukaa kikao: sasa apumzike. Jembe linachukuliwa. Mtoto aliyekuwa anatumwa kwake kuuliza mambo ya nyumba anatumwa kwa shangazi. Kikundi kinaweka mwingine kwenye nafasi yake. Yeye anatandikiwa mkeka kivulini, anapewa chai, na kila anayepita anasema pole. Miezi minne. Mwaka. Wengine miaka miwili. Anakaa pale kama mzigo unaongojea gari.

Mimi naita huo unyang'anyi. Tumekimbia watu walionyang'anya mashamba na ng'ombe, tukafika hapa, na sasa sisi kwa sisi tunamnyang'anya mgonjwa kitu cha mwisho alichobaki nacho, yaani kuwa mtu anayehitajiwa na wenzake. Na tunafanya hivyo tukiwa na machozi ya kweli machoni, ndiyo maana hakuna anayetukemea.

Nina miaka 26. Nilifika Nakivale nikiwa na 9. Kazi yangu ni vijana: mpira, vikundi vya kushona na kunyoa, mijadala ya Jumamosi. Si daktari, nimemaliza Senior Four basi. Lakini kazi ya vijana hapa inakuingiza nyumba kwa nyumba, na nyumba nyingi zina mtu kwenye mkeka. Majina siandiki. Wenyewe wanajijua, na waliokufa watu wao wanawajua.

Kulikuwa na mama mmoja mshonaji, mtu wa Uvira. Alikuwa amejiandikisha kwenye mafunzo ya ushonaji ya miezi sita, si kama mwanafunzi, kama msaidizi wa mwalimu, maana cherehani aliishika kabla mimi sijazaliwa. Kansa ya mlango wa kizazi ilipojulikana, ilikuwa imeshapita mahali pa kuikata. Wiki mbili baadaye jina lake halikuwepo. Nikaenda kuuliza. Mtu wa mradi, kijana mwema kabisa, akanieleza kwamba fomu inataka mshiriki "atakayemaliza na kuonyesha mabadiliko ya kipato". Akaongeza: na pia, si ni vizuri apumzike?

Nilipomfikishia mama yule habari, hakulia. Alicheka. Akasema: "Mwanangu, bananitosha mu lisiti juu nitakufa. Na bale balibakia, beko na mukataba na Mungu?"

Jibu la swali hilo nimelitafuta kwenye fomu zote, silioni.

Sasa sikilizeni alichofanya. Alisema wasichana watatu waje kwake. Mkeka ule ule tuliomtandikia apumzike akaugeuza meza ya kukatia. Hakuweza kukanyaga cherehani, miguu ilikuwa imevimba, lakini mikono ilikuwa yake. Aliwafundisha kukata. Mtu yeyote anaweza kufundishwa kushona mstari ulionyooka kwa wiki moja, lakini kukata kitenge cha yadi sita ukatoa gauni, kilemba na bado kikabaki kipande cha mtoto, hiyo ni elimu ya miaka. Aliwakatisha magazeti ya zamani kwanza, maana gazeti ukiliharibu hakuna anayelia. Aliwagombeza. Mmoja alirudi kwao akilia kwa sababu mama alimwambia mkono wake mzito kama wa mtu anayechinja mbuzi. Kesho yake alirudi. Wale wasichana wakapata oda ya sare za watoto wa shule, na mama akazikagua zote pale mkekani, akafumua kola tisa.

Alikufa kabla ya mvua za Septemba. Wasichana wawili bado wanashona. Sisemi kwamba alikufa akiwa na furaha, sikuwa ndani ya moyo wake. Nasema mpaka wiki yake ya mwisho kulikuwa na watu walioamka asubuhi wakiogopa kuchelewa kwake. Mradi haukuandika hilo popote, kwa sababu fomu haina mahali pa kuliandika.

Najua wafanyakazi wa mashirika mnausoma ukurasa huu, kwa hiyo naongea nanyi moja kwa moja. Sina ugomvi na hesabu zenu. Najua pesa ni ndogo. Kule Jordan, kati ya 2010 na 2012, kamati ya UNHCR inayoamua nani alipiwe matibabu ya gharama kubwa ilipokea maombi 511 ya wagonjwa wa kansa, na ikakubali chini kidogo ya nusu. Sababu kubwa ya kukataa ilikuwa kwamba mgonjwa hana matumaini mazuri ya kupona. Naielewa hiyo. Ukiwa na mkate mmoja na watoto kumi, unakata mahali fulani. Swali langu linakuja baada ya kikao kufungwa. Yule aliyeambiwa hapana, kesho yake asubuhi mna mpango gani naye? Kwa sababu kesho yake asubuhi ataamka. Na keshokutwa. Anaweza kuamka mara mia tatu. Miradi yenu yote inahesabu baadaye: baadaye ataajiriwa, baadaye atajitegemea. Asiye na baadaye ndefu hamna kapu la kumweka.

Tena vitabu vyenu wenyewe vimeshawaonya. Kile cha Sphere, mnachokibeba kwenye kila semina, toleo la 2018 liliweka kwa mara ya kwanza kiwango cha huduma kwa mgonjwa asiyepona, na hakikuishia kwenye dawa: kinazungumza pia kuhusu moyo wake, imani yake na familia yake. Mwaka huo huo Shirika la Afya Duniani likatoa mwongozo mzima kuhusu huduma hiyo kwenye maafa na dharura. Wenyewe wanaiita tiba shufaa. Basi kisomeni kitabu mpaka kurasa hizo.

Lakini sitawabebesha mashirika kila kitu, sisi wenyewe tuna yetu.

Tunaficha. Hapa ndipo pananiuma zaidi, kwa sababu napaona kila wiki. Daktari anaongea Kiingereza. Mgonjwa anaongea Kibembe, Kifuliiru, Kinyarwanda, Kirundi, au Kiswahili chetu hiki. Katikati yupo mkalimani, na mkalimani mara nyingi ni mtoto wa mgonjwa, ama jirani, ama kijana anayelipwa kidogo ambaye jioni atakutana na mgonjwa huyo kwenye bomba la maji. Daktari anasema sentensi tano. Zinafika mbili. "Kansa imesambaa kwenye ini, hatuwezi kuiondoa, tutakusaidia maumivu" inafika ikiwa "kuna kidonda tumboni, watakupa dawa". Nimekaa kwenye chumba hicho nikisikia lugha zote mbili. Daktari anatikisa kichwa akidhani amesema. Mgonjwa anatikisa kichwa akidhani amesikia. Na mtoto wa miaka 14 anatoka mle ndani amebeba peke yake habari ya kifo cha mama yake, na hana wa kumwambia, maana akimwambia yeyote siri imetoka.

Halafu nyumbani wote wanajua isipokuwa mwenye mwili. Mnadhani hajui? Mwili wake unamwambia usiku. Anajua, na anajua kwamba nyinyi mnajua, na sasa anafanya kazi ya kuigiza kwamba hajui ili msihuzunike. Hiyo ndiyo kazi pekee mliyomwachia.

Wanaoficha wananiambia: ukimwambia atakata tamaa. Mimi nauliza, tamaa ya nini? Kama ni tamaa ya kupona, hiyo mmemjengea nyinyi, na itavunjika tu, tena siku ambayo hana nguvu ya kuokota vipande. Lakini mtu ana tamaa nyingine nyingi. Kuona binti ameolewa na mtu asiye mlevi. Kumsamehe kaka yake, ama kumwambia wazi kwamba hamsamehi. Kulipa deni. Ukimficha, anaahirisha yote hayo mpaka apone.

Mzee mmoja wa Fizi, mwenye kansa ya ini, yeye aliambiwa. Muuguzi mmoja mzee alimwambia kwa Kiswahili, polepole, mlango umefungwa, hakuna mtoto katikati. Mzee alinyamaza siku mbili. Siku ya tatu alinituma nimnunulie daftari la kurasa 96 na akaniambia niandike, yeye macho yalikuwa yamekwisha. Tukaandika karibu miezi miwili, nusu saa kila jioni, wakati mwingine dakika kumi tu. Niliwaza ataongea habari za vita. Hapana. Aliongea mipaka ya shamba: mwembe upi, kijito kipi, jiwe lipi ambalo babu yake alilala juu yake akiwa amelewa na tangu hapo jiwe lina jina. Aliongea makaburi, nani kalala upande gani wa nani. Akaja kwenye madeni. Mwaka 1996 vita vilipofika, alikuwa amechukua mbuzi wawili kwa mtu, kwa ahadi ya kulipa wakati wa mavuno. Mavuno hayo hayakuvunwa. Yule mtu alikimbilia Tanzania akafia huko. Mzee akataka deni lilipwe.

Watoto wake walikasirika. Tuna njaa hapa, baba anataka tulipe mbuzi wa miaka ishirini na kitu! Kulikuwa na kelele nyumba nzima, na ninakumbuka jinsi mzee alivyokuwa akisikiliza kelele zile, amekaa wima kwa mara ya kwanza kwa wiki nyingi, maana sasa walikuwa wanabishana na baba yao. Kabla ya hapo walikuwa wanamnong'oneza kama maiti. Mwisho mjukuu wa yule mtu akapatikana Nyarugusu, kupitia watu wa kanisa. Wakatumiana pesa kwa simu, bei ya mbuzi mmoja, na yule mjukuu akasema wa pili amesamehe. Mzee akaniambia niandike hilo pia, na jina la aliyesamehe.

Mtu ataniambia hii ni habari ya wazungu, hospisi na maneno kama hayo. Basi niwape habari mbili.

Ya kwanza. Huduma hii ya hospisi ya siku hizi ilianza na mkimbizi. Mwaka 1948, London, kwenye hospitali, alikuwa anakufa kwa kansa mtu anayeitwa David Tasma, Myahudi kutoka Warsaw, mhudumu wa hoteli, umri miaka 40. Nchi yake ilikuwa imechomwa, watu wake hawapo, na yeye aliona ameishi bila kuacha alama yoyote duniani. Aliyekuwa anamtembelea ni mfanyakazi wa ustawi wa jamii, Cicely Saunders. Waliongea, jioni nyingi, kuhusu mahali ambapo mtu kama yeye angeweza kufa vizuri zaidi. Tasma akamwachia pauni 500 alizokuwa nazo, akasema yeye atakuwa dirisha kwenye nyumba hiyo. Nyumba yenyewe haikuwepo! Saunders akarudi shule akasomea udaktari, na ilichukua miaka 19. Hospisi ya St Christopher ilifunguliwa 1967, na dirisha hilo lipo. Mkimbizi asiye na mtoto wala shamba, akiwa kitandani, alipewa swali la kufikiria na mtu aliyemchukulia kuwa ana akili, na kutoka pale mamilioni wametibiwa maumivu. Hebu niambieni: kama Saunders angemwambia "pole, pumzika tu", leo tungekuwa na nini?

Ya pili ni yetu wenye Kiswahili. Mwalimu mmoja aliyesomea Kenya alitufundisha habari za Mwana Kupona binti Mshamu, wa pwani ile ya Pate na Siyu. Mwaka 1858 alikuwa mgonjwa, na katika ugonjwa huo akamtungia binti yake utendi wa wosia, jinsi ya kuishi na watu, na Mungu, na mume. Baadaye alifariki. Mengine aliyosema kuhusu waume mimi sikubaliani nayo, na wasichana wa mjadala wa Jumamosi walimkataa kabisa kwa kelele. Lakini ona: jina lake Kupona, hakupona, na zaidi ya miaka 160 baadaye wasichana wa Nakivale wanagombana naye. Kama wangemficha ugonjwa wake angetunga nini?

Sasa nije kwenye maumivu, kwa sababu najua wapo wanaosema: wewe unaongea daftari na kitenge, mtu anayelia usiku kucha atafundisha nani? Ni kweli kabisa. Mtu mwenye maumivu makali hana wosia, ana mayowe. Saunders mwenyewe alifundisha kwamba maumivu ni ya mwili, ya moyo, ya nyumba na ya roho, yote yamefungana, na wa mwili usipoufungua kwanza hufiki kwingine.

Na hapa tuna bahati ambayo majirani wengi hawana, tena tunaichezea. Tupo Uganda. Mwaka 1993 daktari Anne Merriman alianzisha Hospice Africa Uganda akiwa na mofini ya maji, unga unaochanganywa na maji, unakunywa kwa mdomo. Mwaka 1998 wakafungua Mbarara, mji huu huu tunaoenda kwa taksi. Mwaka 2004 Uganda ikabadilisha kanuni ili wauguzi na maofisa wa kliniki waliosomea kazi hiyo waandike mofini wenyewe, bila kungojea daktari ambaye hayupo. Na serikali inaitoa bure kwa mgonjwa. Nchi nyingi tajiri kuliko hii hazijafika hapo.

Halafu mtaani kwetu nasikia nini? Kwamba mofini ni "dawa ya kumalizia". Kwamba ukiona chupa ile mtu ana siku tatu. Kwamba atakuwa mlevi wa dawa. Mama yule mshonaji aliinywa miezi mitano! Kila saa nne, kwa saa, na kipimo cha usiku kikubwa zaidi ili alale. Ilimfunga choo, hiyo ni kweli, kila anayeinywa apewe na dawa ya choo, na asiyepewa aidai. Siku chache za mwanzo alisinzia. Baadaye akaamka akataka mkasi wake. Mofini ndiyo iliyomrudishia mikono. Kwa hiyo mhudumu wa afya wa kijiji anayenong'ona kwamba dawa ile inaua, na mganga wa pembeni anayesema iachwe ili mizizi yake ifanye kazi, na mhubiri anayesema chupa ni alama ya imani haba, wote watatu wanamfunga mtu mikono, wajue hivyo.

Kuhusu wahubiri niongee kwa adabu, maana kanisani ndiko nilikokulia na mgonjwa mwenye imani ana kitu ambacho mimi siwezi kumpa. Ombeeni uponyaji, hakuna anayewakataza. Lakini mkesha ukiisha, mgonjwa aliyebaki mgonjwa asionekane kama aliyeshindwa mtihani. Kuna kijana alihamisha mkeka wake nyuma ya nyumba ili waumini wasimwone hajapona. Mpeni zamu. Aongoze sala. Awaombee nyinyi wazima, ambao mna shida nyingi kuliko mnavyokubali.

Na kuna hili la ndege. Kambini kwetu mgonjwa akipata karatasi nzito, kuna watu wanaanza kuangalia faili badala ya mtu. "Huenda ugonjwa wa mama utatutoa." Kundi la wagonjwa lipo kwenye vigezo vya kupelekwa nchi za mbali, ndiyo. Lakini limewekwa kwa ajili ya mtu ambaye matibabu ya kule yatabadilisha hali yake. Asiyepona tena kwa kawaida hapiti hapo. Nimeona familia ikikaa mwaka mzima karibu na simu, ikingoja kuitwa, na mama katikati yao akiwa amegeuka kiambatisho. Siwalaumu kwa kutamani kuondoka, mimi mwenyewe natamani. Lakini mwaka ule ulikuwa wa mwisho wake, na waliutumia kungoja.

Kuna pingamizi moja linalonisumbua kweli, nalo ni njaa. Mwaka 2023 tuligawanywa makundi matatu ya chakula, na tangu hapo kila familia inajua kuhesabu vikombe vya unga. Rafiki yangu mmoja aliniambia usoni: mtu hajala, wewe unamletea maana ya maisha? Sijui kama nilimjibu vizuri siku ile, lakini leo namjibu hivi. Kwanza, sijasema maana badala ya unga. Aliyepungukiwa unga apewe unga, na mgonjwa apewe kwanza. Pili, kumwachia mtu kazi yake hakugharimu shilingi. Yule mzee aligharimu daftari moja na kalamu mbili. Kule Canada na Australia, daktari Harvey Chochinov na wenzake waliwaketisha wagonjwa 100 wa namna hii, wakawauliza maswali kuhusu maisha yao na wanachotaka watu wao wajue, wakarekodi, wakaandika, wakawarudishia karatasi wawaachie ndugu zao. Matokeo yalitoka 2005: wagonjwa 76 kati ya hao 100 walisema wamejiona wenye heshima zaidi, na 68 wakasema wameona maisha yao yana lengo zaidi. Kifaa chao kikubwa kilikuwa kinasa sauti. Kila kijana wa kikundi changu ana kinasa sauti mfukoni, anakitumia kurekodi vichekesho.

Wengine wataogopa nawafanyisha wagonjwa kazi kwa nguvu. Hapana. Kuna siku mtu anataka kulala, basi alale. Kuna mtu aliyefanya kazi tangu ana miaka sita na sasa anataka kukaa tu atazame kuku, hiyo nayo ni haki yake, asisumbuliwe na kijana mwenye daftari. Kinachonikera ni kwamba hakuna anayeuliza. Muulize: unataka nini leo? Unataka nani aje? Ni kitu gani hutaki kikabaki bila kufanywa? Maswali matatu, hata mtoto anaweza kuyauliza, na msishangae majibu yakiwa madogo. Kijana mmoja wa miaka 19, kansa ya mfupa, mguu ulishakatwa, tulidhani atataka tumwandikie kumbukumbu zake. Akasema anataka rejista ya timu ya chini ya miaka 12. Basi. Tulimpeleka uwanjani kwa toroli kila Jumanne na Alhamisi, akaita majina, akawafungia nje waliochelewa, akagombana na refa mpaka refa akamwonyesha kadi nyekundu na kuagiza toroli liondolewe uwanjani. Alisimulia kadi ile kwa wiki tatu. Hakuna zawadi tuliyompa iliyomfurahisha kama ile adhabu, maana refa hakumhurumia.

Orodha mpya ya mafunzo ya ushonaji inafungwa mwisho wa mwezi huu. Kuna mama wa jirani yangu, karatasi yake ya hospitali naijua na yeye anaijua, na amekubali niandike haya. Anataka kufundisha kudarizi mashuka. Jina lake nimeliweka la tatu kwenye orodha. Atakayetaka kulikata asinitafute mimi. Aende kwake, yupo nyumbani kila asubuhi, akae kwenye mkeka amweleze mwenyewe sababu, na aende bila mkalimani.